UZI: Tukibishana kuhusu mitumba, kuna swali moja halijaulizwa

1/
Kila msimu wa siasa ukikaribia, mjadala wa mitumba hurudi. Mmoja anapanda jukwaani anasema mitumba imeua viwanda vyetu, ipigwe marufuku. Mwingine anajibu kwamba mitumba ndiyo inamvisha na kumlisha mwananchi, na anayetaka kuiondoa haijui Kenya. Watu wanapiga makofi, wanagawanyika, halafu wote tunarudi nyumbani tukiwa tumevaa mitumba.

Leo tuichambue hii hoja polepole. Kama kawaida hapa, simtaji mwanasiasa wala chama. Tunashika hoja, tunaachana na mtu.

2/
Niseme ukweli kabla hujanishuku. Mamangu anauza nguo za watoto za mitumba. Karo yangu ya sekondari ilitoka ndani ya bale. Kwa hivyo siandiki kama mtu anayechukia hii biashara.

Lakini nimeketi naye mara nyingi bale ikifunguliwa, na najua uso wake unavyokuwa akitoa nguo ya kwanza, ya pili, ya tatu, zote zina madoa au zimechanika. Pesa imeshalipwa. Hakuna wa kumrudishia. Hapo ndipo nilianza kujiuliza maswali ya huu uzi.

3/
Kwanza tujue ukubwa wa kitu tunachobishania. Ripoti iliyotolewa 2021 na Institute of Economic Affairs pamoja na chama cha wafanyabiashara wa mitumba ilisema Kenya iliagiza karibu tani 185,000 mwaka 2019.

Hesabu ya haraka: ukizifunga zote katika bale za kilo 45, unapata zaidi ya bale milioni 4. Kwa mwaka mmoja. Ripoti hiyo hiyo ilipata kwamba kaya zaidi ya 9 kati ya 10 hununua mitumba. Kumbuka tu kwamba mmoja wa waandishi wake ana maslahi katika biashara. Hiyo haifanyi takwimu ziwe uongo, ila soma ukijua ni nani anayezungumza.

4/
Kwa wale hawajawahi kuona bale ikifunguliwa: unanunua bila kuona. Kibandiko kinakuambia ni nguo za aina gani, blauzi, jinzi, nguo za watoto. Hali yake utaijua ukikata kamba.

Zile nzuri kabisa zinaitwa kamera, na hizo huwa na wateja wake wanaongoja hapo hapo. Zinafuata za kati. Mwisho kabisa ni fagia, zinazomwagwa chini na kuuzwa kwa bei ya kutupa. Na baada ya fagia kuna zile hata fagia hazifiki. Hizo za mwisho ndizo uzi huu unazifuata.

5/
UPANDE WA KWANZA: "Mitumba iliua viwanda."

Kuna ukweli hapa. Kabla ya miaka ya 90 Kenya ilikuwa na sekta ya nguo ya maana. Wazee wa Kisumu watakuambia kuhusu KICOMI. Wa Eldoret watakuambia kuhusu Rivatex na Raymond. Kulikuwa na mkulima wa pamba, kinu cha kuchambua pamba, kiwanda cha kitambaa, na fundi. Mnyororo mzima ulikuwa hapa hapa.

Soko lilipofunguliwa mwanzoni mwa miaka ya 90, mitumba ikaingia kwa wingi na kwa bei ambayo hakuna kiwanda kingeweza kushindana nayo. Rivatex iliwekwa chini ya mrasimu mwaka 1998. Chuo Kikuu cha Moi kiliinunua 2007.

6/
Lakini mwanasiasa akikomea hapo, amekupa nusu ya hadithi. Mitumba haikuwa peke yake kwenye eneo la tukio.

Wakulima wa pamba walikuwa wanacheleweshewa malipo mpaka wengine wakang'oa pamba wakapanda mahindi. Mitambo ilizeeka. Stima ilikuwa ghali. Nguo mpya za bei nafuu kutoka Asia nazo ziliingia, nyingine kwa njia za panya. Ukiondoa mitumba kesho asubuhi, hayo mengine yote bado yako pale pale.

7/
UPANDE WA PILI: "Mitumba ni kazi na ni nguo."

Hii nayo si propaganda. Hesabu watu: mwagizaji, dereva wa lori, mbeba mizigo, mwenye stoo, muuzaji wa jumla, mama wa rejareja, fundi wa kupunguza kiuno, kijana wa kupiga pasi, na yule anayeuza chai kwa wote hawa. Kwa mshahara wa Mkenya wa kawaida, shati la mia mbili si mtindo wa maisha. Ni shati.

Na kuna hoja ya mazingira pia. Kushona nguo mpya kunakula maji, kawi na kemikali. T-shirt moja ya pamba hukadiriwa kutumia lita 2,700 za maji tangu shambani. Ikivaliwa na watu watatu badala ya mmoja, hayo maji yamefanya kazi mara tatu.

8/
Sasa mbona basi watu wa mazingira wanalalamika? Kwa sababu nguo yenyewe imebadilika.

Zaidi ya nusu ya nyuzi zote zinazotengenezwa duniani leo ni poliesta. Poliesta inatokana na mafuta ya petroli. Kwa lugha rahisi, ni plastiki iliyovutwa ikawa uzi. Pamba ukiizika itaoza. Poliesta itakaa. Ukiichoma inatoa moshi wa sumu. Hata ukiifua tu, inaachilia vipande vidogo vya plastiki ambavyo macho hayaoni, vinateremka na maji.

Nchi yetu ilipiga marufuku mifuko ya plastiki Agosti 2017, na tukajivunia. Lakini plastiki ile ile inaingia bandarini ikiwa na kola na vifungo.

9/
Kitu kingine kilichobadilika ni ubora. Kampuni kubwa za mitindo zinatoa nguo mpya kila wiki, za bei ya chini, ambazo hazikushonwa ili zidumu. Nguo ikishavaliwa mara chache huko, ikifika huku imechoka tayari.

UNEP, ambao makao yao makuu yako Gigiri hapa Nairobi, wanakadiria kwamba dunia hutoa tani milioni 92 za taka za nguo kila mwaka. Muulize yeyote aliyeuza mitumba tangu miaka ya 90. Atakuambia bale za zamani zilikuwa na mali.

10/
Kiasi gani cha mitumba inayofika Kenya ni taka? Hapa ndipo watu hurushiana takwimu, kwa hivyo tulia.

Shirika la Changing Markets la Ulaya lilitoa ripoti 2023 likisema kati ya asilimia 20 na 50 ya nguo kwenye bale hazikuwa za kuuzika. Wafanyabiashara wa mitumba walipinga vikali, wakisema taka ni sehemu ndogo sana, kwani nani mwenye akili angelipa ushuru na usafiri aagize takataka?

Angalia jambo moja: wa kwanza wanapigania mazingira, wa pili wanapigania mkate wao. Lakini hata kama ingekuwa asilimia 5 tu ya tani 185,000, hiyo ni zaidi ya tani 9,000 kwa mwaka. Huhitaji kuchagua takwimu kubwa ndipo ujue kuna shida.

11/
Na hizo zinaenda wapi? Nenda Gikomba, usimame upande wa Mto Nairobi. Kingo za mto zina tabaka za nguo zilizokanyagwa mpaka zikawa kama udongo. Zinazobahatika kubebwa zinaenda Dandora, jaa ambalo lilitangazwa kujaa mwaka 2001 na bado malori yanaingia hadi leo. Jaa lenyewe liko kando ya mto ule ule.

Mto Nairobi unaingia Athi. Athi inakuwa Galana, Galana inakuwa Sabaki, na Sabaki inamwaga bahari ya Hindi karibu na Malindi. Kwa hivyo hii si shida ya Nairobi peke yake. Mvuvi wa Malindi ni mdau ingawa hajawahi kukanyaga Gikomba.

12/
"Basi si tupige marufuku tu?" Tulijaribu. Hapa ndipo siasa yenyewe ilipo, kwa hivyo soma vizuri.

Mwaka 2016 viongozi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki walikubaliana kuondoa mitumba hatua kwa hatua hadi 2019. Mwaka 2017 chama cha wafanyabiashara wa nguo kuukuu wa Marekani kikalalamika kwa serikali yao. Hoja yao: nchi hizi zinafaidika na AGOA, ule mpango wa tangu mwaka 2000 wa kuuza bidhaa Marekani bila ushuru, na sasa zinatufungia mlango.

Kenya ilirudi nyuma mapema. Viwanda vyetu vya EPZ, vile vya Athi River na kwingineko, vinashona nguo za kuuza Marekani, na maelfu ya watu wamewekwa kazi huko. Uganda na Tanzania nazo zikalegeza. Tukabaki na Rwanda.

13/
Rwanda ilikuwa imepandisha ushuru wa mitumba kutoka dola 0.20 hadi dola 2.50 kwa kilo mwaka 2016, na ikakataa kuushusha. Julai 2018 Marekani ikasimamisha faida za AGOA kwa nguo za Rwanda.

Funzo si kwamba Rwanda ilikuwa sahihi au ilikosea. Rwanda ilikuwa inauza nguo chache sana Marekani, kwa hivyo bei ya msimamo wake ilikuwa ndogo. Kenya ingepoteza zaidi. Akikuambia mtu "Rwanda waliweza, mbona sisi hatuwezi?", muulize hesabu ya EPZ ameiweka wapi.

14/
Na fikiria huu mzunguko bana. Jinzi inaweza kushonwa Athi River na dada anayelipwa mshahara wa mwezi ambao hauwezi kuinunua. Inaenda Marekani, inavaliwa msimu mmoja, inatupwa kwenye sanduku la msaada, inafungwa kwenye bale, inashuka Mombasa, na yule dada anaikuta sokoni. Akiona bei ni nzuri, anainunua.

Aliishona mpya, akaivaa kuukuu. Na ikishaisha kabisa, itatupwa hapa kwetu.

15/
Kenya yenyewe ilisimamisha mitumba mara moja, Machi hadi Agosti 2020, wakati wa korona. Tulichojifunza miezi hiyo: viwanda havikuota kwenye hiyo nafasi. Stoo zilikauka, bei zikapanda, na akina mama kama mamangu wakauza kilichobaki, kisha wakakaa.

Na hata marufuku ingedumu, nafasi ingejazwa na nini? Haraka haraka, na nguo mpya za bei ya chini kutoka nje, nyingi zikiwa poliesta. Nguo mpya nayo huchakaa. Taka ingekuja tu kwa jina lingine, ikiwa imechelewa kidogo.

16/
Kwa hivyo swali la "mitumba iingie ama isiingie?" linatuzungusha. Swali ambalo sijalisikia kwenye mdahalo wowote ni hili: NANI ANALIPIA MWISHO WA NGUO?

Kila nguo ina mwisho. Iwe mtumba, iwe mpya, iwe ya Rivatex, iwe ya China. Siku moja haitavalika tena, na mtu fulani lazima aiondoe. Hiyo kazi ina gharama. Hebu tufuate pesa.

17/
Kontena likifika Mombasa, serikali kuu inatoza ushuru. Kwa utaratibu wa Jumuiya, mitumba hutozwa kwa asilimia ya thamani au kwa kilo, kutegemea hesabu ipi inaleta pesa nyingi. Mzani haujui tofauti ya kamera na takataka. Kilo ni kilo.

Kwa hivyo hata ile nguo iliyochanika, serikali imeshapata chake juu yake. Pesa inaingia kwenye kapu moja la taifa. Hakuna fungu la ushuru huo lililotengwa kwa ajili ya taka za nguo.

18/
Sasa fungua Katiba ya 2010, Jedwali la Nne. Kuzoa taka, majaa na utupaji wa taka ngumu ni kazi ya nani? Serikali za kaunti.

Umeona pengo? Ngazi moja ya serikali inapokea pesa nguo inapoingia. Ngazi nyingine inapokea nguo inapokufa. Gavana akiulizwa kuhusu mto, anasema hana bajeti. Waziri akiulizwa kuhusu taka, anasema hiyo ni kazi iliyogatuliwa. Wote wawili wanasema kweli! Ndiyo maana hakuna anayeona aibu.

19/
Kaunti nayo si kwamba haipati kitu. Inatoza ada ya soko. Lakini angalia anayeitoa ni nani.

Mamangu alilipia nguo mbovu aliponunua bale. Bei ya hiyo bale ilikuwa imebeba ushuru wa hizo nguo mbovu. Analipa ada ya soko ambalo taka zake hazizolewi kwa wakati. Kisha anamlipa kijana wa mkokoteni aziondoe, na tusijifanye hatujui huyo kijana anazimwaga wapi usiku.

Mtu mmoja, mwenye faida ndogo kuliko wote kwenye mnyororo, amelipia taka moja mara nne. Kampuni iliyoishona hiyo nguo haijalipa hata senti. Halafu kwenye TV yeye ndiye anaitwa mchafuzi.

20/
"Lakini ushuru hauwezi kutengewa kazi maalum." Unaweza. Tangu 2013, bidhaa zinazoagizwa kutoka nje zinalipa tozo ya maendeleo ya reli. Tulipotaka reli, tulipata njia ya kufunga pesa ya bandarini kwa kazi moja. Kwa hivyo usiambiwe haiwezekani. Ambiwa haijapewa kipaumbele.

Chukua mfano tu, hii si bajeti: ukitenga shilingi 2 kutoka kwa kila kilo, kwa tani 185,000 unapata shilingi milioni 370 kwa mwaka. Nasema kutenga kutoka kwa ushuru ambao tayari unalipwa. Ukiongeza tozo mpya juu yake, mwagizaji ataisukuma kwa bei ya bale, na tutakuwa tumerudi kwa mamangu mara ya tano.

21/
Na kuna pesa nyingine ambayo hatujawahi kuiomba. Ufaransa ina sheria tangu 2007 inayomlazimu anayeuza nguo mpya kuchangia gharama za kuikusanya na kuishughulikia nguo hiyo ikishatumika. Mwaka 2025 Umoja wa Ulaya ulipitisha kwamba nchi zake zote ziwe na utaratibu kama huo.

Vizuri. Ila mchango unalipwa huko na kutumika huko, na nguo ikishapandishwa meli kuja huku, ule mchango haupandi nayo. Wafanyabiashara wa soko la Kantamanto kule Accra waliliona hili, na 2023 walisafiri hadi Brussels kudai pesa ifuate nguo. Wachuuzi, si mabalozi. Sisi tulituma nani?

22/
Hapa nyumbani tuna Sheria ya Usimamizi Endelevu wa Taka ya 2022, na ndani yake kuna wazo hilo hilo: anayeleta bidhaa sokoni awajibike hadi mwisho wake. Kifungu cha 42 cha Katiba kinakupa haki ya mazingira safi. Karatasi tunazo.

Kinachokosekana ni mtu wa kuulizwa. Na mtu hawezi kuulizwa ikiwa kila mdahalo tunamwachia atoroke kwa jibu la "marufuku" au "wachuuzi ni watu wetu".

23/
Kwa hivyo ukikutana na mgombea yeyote, wa upande wowote, muulize haya manne:

• Ushuru wa mitumba unaokusanywa kila mwaka ni kiasi gani, na utatenga sehemu gani kwa taka za nguo?
• Pesa hiyo itafikaje kaunti, kwa sheria gani?
• Nani atakagua bale kabla haijapanda meli, na mchuuzi aliyeuziwa takataka atamrudishia nani?
• Ukisema utafufua viwanda, mkulima wa pamba atalipwa ndani ya siku ngapi, na stima itakuwa ya bei gani?

Akijibu kwa wimbo, umejua. Akijibu kwa namba, mwandike chini, hata kama si wa upande wako.

24/
Naweza kuwa nimekosea kwenye suluhisho. Kuna wenzangu darasani wanaoamini marufuku ya polepole, ya miaka kumi na mpango wa pamba nyuma yake, ingefaa zaidi, na hoja zao si za kudharau. Leta yako tuipime.

Ila tusikubaliane tena kwamba huu ni ugomvi kati ya "wapenda viwanda" na "wapenda wachuuzi". Jumamosi iliyopita mamangu alifungua bale. Alizopanga za kuuza zilikuwa rundo moja. Zingine alizifunga kwa gunia, akaliweka nyuma ya kibanda, akaniuliza, "Sasa hizi nipeleke wapi?"

Nasoma sayansi ya siasa mwaka wa tatu na sikuwa na jibu. Anayetaka kura yake awe nalo.

Mwisho wa uzi. Mtumie yule mjomba wa group ya familia anayependa kubishana.